Mayai ya Toharani

Basi la Musoma likiingia stendi ya Bunda, madirisha hufunguka kabla ya mlango. Nje wameshajipanga: wa maji, wa karanga, wa ndizi mbivu, na yule ninayemtafuta kila safari, kijana wa mayai. Trei la mayai ya kuchemsha liko mkono wa kushoto, kindoo cha kachumbari kinaning'inia kwenye kiwiko, na mfukoni ana chupa ya maji iliyotobolewa kifuniko, ndani yake pilipili ya kusaga. Nikamwonyesha vidole viwili. Akagonga yai kwenye bodi ya basi, akalizungusha kiganjani, ganda likavuka kama soksi. Akalipasua kwa kijiko bila kufika mwisho, akalifunua kama kitabu, akapachika nyanya na kitunguu katikati, akaminya chupa mara mbili. La pili hivyo hivyo. "Jero jero, mzee. Buku." Buku yangu ikashuka dirishani, mayai yakapanda yamefungwa kwenye kipande cha gazeti, na abiria wa nyuma yangu alikuwa ameshapitisha mkono juu ya bega langu akiagiza matatu.

Safari hii nilikuwa nashuka Bunda. Ningeweza kununua pale chini kwa utulivu, nikachagua na mayai yenyewe. Lakini yai la dirishani ukilila umesimama ardhini ladha yake inapungua. Sijui kwa nini, na sijakutana na mtu wa kanda ya ziwa aliyenibishia.

Yai, nyanya, kitunguu, pilipili. Nimekula kitu hiki tangu nasoma sekondari na sikuwahi kukihesabu kuwa chakula. Kilikuwa kitu cha njiani, cha kuidanganya njaa kati ya Mwanza na nyumbani. Nilianza kukitazama kwa jicho jingine baada ya kukutana na ndugu yake Unguja.

Ilikuwa Kiwengwa, pwani ya mashariki, ambako Wataliano wamekuja kupumzika miaka mingi kiasi kwamba vijana wa ufukweni wanakurushia "ciao" kabla ya "mambo". Binamu yangu ni mpishi kwenye hoteli mojawapo ya huko. Saa nne usiku, wageni wameshakula na sahani zinaoshwa, aliniita mlango wa nyuma akaniwekea kikaango mbele yangu, bado kinatokota. Mchuzi mwekundu mzito, unanukia vitunguu saumu. Ndani yake mayai manne yamezama nusu; ute umeganda mweupe, viini vinatikisika. Akanipa mkate, akasema kwa lafudhi yake ya kazini: *uova in purgatorio*. Kisha kwa Kiswahili cha Musoma: "Mayai ya toharani. Kula kabla hayajaungua."

Ni chakula cha Napoli, kusini ya Italia, na ni cha watu wa kawaida. Unakaanga vitunguu saumu na pilipili kwenye mafuta ya zeituni, unatia nyanya, zikishakuwa rojo unapasulia mayai humo humo na kuyaacha yaive bila kuyagusa. Mwishoni majani ya rehani na jibini ya kukwangua, kama ipo. Jina linajieleza. Wekundu ule ni moto, na weupe wa yai ni roho zinazotakaswa ndani yake. Kwa msomaji asiyekulia katika Ukatoliki: toharani ni mahali ambapo marehemu aliyekufa katika neema, ila bado ana madoa, anasafishwa kabla ya kuingia mbinguni. Walio hai wanaweza kumsaidia kwa sala.

Napoli wamelishika jambo hilo kuliko wengi. Katika vichochoro vya mji ule kuna vijumba vya ibada ukutani vyenye sanamu ndogo za udongo: watu wamezama kwenye ndimi za moto mpaka kiunoni, mikono juu. Kuna kanisa zima la karne ya 17, Santa Maria delle Anime del Purgatorio ad Arco, ambalo chini yake mna mifupa ya wafu wasiojulikana. Watu walikuwa wakishuka huko, kila mmoja anachagua fuvu lake, analifuta vumbi, analijengea kijumba, analiombea. Kisha wanaliomba nalo: mume apone, binti aolewe, namba za bahati nasibu zifunuliwe ndotoni. Roho ikichelewa kujibu, mtu alihamia fuvu jingine.

Nikiwa pale na mkate mdomoni nilimkumbuka shangazi yangu wa Butiama. Sijui mtu mwingine ambaye toharani kwake ni anuani kamili. Ana daftari la mistari lenye majina ya marehemu wa ukoo, na kila Novemba anayanakili upya kwa ajili ya nia za misa, kwa mwandiko wa ubaoni. Nikaamua: Novemba 2, Siku ya Marehemu Wote, nitampikia mayai haya.

Bunda nilikuwa na mtu wa kumjaribia. Tulikaa dawati moja Musoma. Leo ana kibanda cha chipsi kando ya barabara kuu, mita chache kutoka pale mabasi yanapogeuzia. Nilipomwambia nimekuja na mayai ya toharani, aliacha kumenya viazi.

"Ya tohara?"

"Toharani."

"Sasa hiyo si Desemba? Na mayai yanahusikaje?"

Wateja wawili waliokuwa kwenye benchi wakaanguka kicheko. Nilistahili. Mkoa wa Mara ukitamka neno hilo, watu hawafikirii roho za marehemu, wanafikiria vijana na visu na ng'ombe wa kuchinjwa. Na kwa kweli maneno ni yaleyale, yote yametoka katika usafi. Lakini ukishaanza kumweleza mtu wa chipsi asili ya maneno, mafuta yanapoa.

Aliniachia jiko kabla wateja wa jioni hawajajaa. Vifaa vyake vilitosha: kikaango cheusi cha chipsi mayai, mafuta ya alizeti, nyanya, pilipili kichaa, trei zima la mayai. Nikapika nilivyoona Kiwengwa. Yeye akasimama pembeni amekunja mikono, na nilipopasua yai la kwanza akauleta mkono wake na kijiko, kwa mazoea tu, akalivuruga.

"Usiguse!"

"Litaungua."

"Haliungui, liko kwenye mchuzi."

Akaurudisha mkono. Dakika mbili akatazama, kisha akatoa hukumu ambayo mpaka leo sijaweza kuikata rufaa: "Hii si rosti tu? Rosti ya mayai ambayo mpishi ameshindwa kuikoroga."

Ni kweli kabisa. Nyanya zilizopikwa mpaka mafuta yakaelea, kitunguu, pilipili, mayai. Hakuna nyumba Tanzania isiyojua rosti, na ile ya mayai ndiyo mboga ya siku mfuko ukiwa mwepesi. Sisi tunachemsha mayai kwanza tukayatumbukiza, au tunayavuruga mpaka mchuzi ugeuke rangi ya chungwa. Mtaliano anayapasulia humo na kuondoa mkono. Watunisia nao wana yao, shakshuka, na Waturuki wana menemen. Wale wa menemen wanakoroga kama sisi.

Kuhusu wateja, hakuna aliyetaka. Mmoja alichungulia kiini kinachotikisika akauliza kama gesi imeisha. Rafiki yangu akachukua kijiko, akavuruga chote, akamwagia juu ya chipsi, kikaisha.

Nyanya zake nilizisifu, akasema amenunua fungu la zilizoiva sana kwa bei ya kutupa, kwa sababu kwa rosti hakuna anayeuliza sura. Hilo nalo ni hekima ya Napoli. Nyanya haina kwao kule kama isivyo na kwao huku. Imetoka Amerika pamoja na pilipili, na pamoja na mahindi na muhogo wetu. Mtaalamu wa mimea Mattioli aliitaja Italia mwaka 1544, na ilichukua karne moja na nusu hivi mpaka Antonio Latini, aliyekuwa msimamizi wa jikoni za wakubwa Napoli, achapishe katika miaka ya 1690 namna ya kupika mchuzi wake, naye akauita wa Kihispania. Kwa hiyo hiki kinachoitwa cha Kitaliano, Wataliano wenyewe walianza kwa kukiita cha watu wengine.

Asubuhi ya Novemba 1 nikapanda gari dogo kwenda Musoma. Kuanzia Kiabakari miamba inaongezeka, mawe makubwa ya mviringo yamepandana kama mtu aliyapanga halafu akasahau alitaka kujenga nini. Makutano nikaiona barabara ya Butiama ikikata kulia, nikaiacha kwa kesho.

Musoma mji umekaa kwenye ulimi wa ardhi. Ukitembea Mtaa wa Mukendo kwa dakika chache unajua ziwa liko mbele yako na liko pia mgongoni. Nilishuka Mwigobero kuangalia kivuko cha Kinesi kikipakia: pikipiki, magunia, mama mwenye kuku wanne waliofungwa miguu, wote wanaelekea ng'ambo ya ghuba. Dagaa wameanikwa. Harufu ile ukiwa mgeni inakufukuza, ukiwa mtoto wa pale inakufanya umeze mate.

Nilikuwa nimekusudia, kwa mara moja tu, kuwa na mafuta ya zeituni ya kweli. Duka la kwanza hawakuwa nayo. La pili, muuzaji, dada mwenye miwani, akauliza bila kuinua macho kutoka kwenye simu:

"Ya nywele au ya maombi?"

"Ya kupikia."

Akainua macho. Akaleta kichupa kidogo kisichozidi kidole gumba cha mtu mzima, aina ile wanayonunua watu wa upako, akakiweka juu ya kaunta akanitazama kama ninayetaka kumkaangia mtu mayai kwa maji ya baraka. Nikalipa. Kwa bei ile ningepata lita nzima ya alizeti.

Mwenyeji wangu anakaa upande wa Makoko. Ukielekea huko unapita Mwisenge, na shule ya msingi ambayo Mwalimu Nyerere, mtoto wa Chifu Burito, alianza darasa la kwanza mwaka 1934, akiwa na miaka 12. Watoto wa hapo bado wanaonyesha wageni mambo ya Mwalimu kwa heshima iliyochanganyika na haraka ya kutaka kurudi kucheza.

Nyumba ya rafiki yangu iko karibu na maji. Shemeji alikuwa ameshaandaa sato wa kuchemsha na ugali wa muhogo, na kwa adabu ya kwao hangekubali mgeni wa mumewe apike. Tukabishana mlangoni mwa jiko mpaka akanipa kona moja na jiko la mkaa. Mambo yalikwenda vizuri: vitunguu saumu vikageuka rangi kidogo tu, nyanya nikazikwangua kwa greta ngozi ikabaki mkononi, mchuzi ukajikusanya. Ndipo nikakumbuka rehani. Pale uani, kando ya bomba, kulikuwa na kichaka nilichokijua tangu utotoni. Kivumbasi. Ukoo wake na rehani ni mmoja, nilishasoma mahali. Nikachuma konzi nzima.

Kivumbasi kibichi ukikipitisha karibu na pua kinapendeza. Kikiingia kwenye mchuzi wa moto kinabadilika tabia. Ndani ya dakika moja jiko lote lilinuka usiku wa utotoni: chandarua kilichotoboka, matawi ya kivumbasi yamechomekwa darini na mengine yanafukizwa kwenye kigae. Shemeji akaonja ncha ya kijiko. Akameza kwa heshima zote. Kisha:

"Shemeji, umetupikia dawa ya mbu."

Watoto walikataa hata kunusa. Rafiki yangu alikula moja, akasema si mbaya, akakimbilia sato. Mimi nilikula matatu kwa kiburi, na usiku ule, nikiri, hakuna mbu aliyenigusa.

Butiama nilifika kesho yake saa moja na nusu asubuhi, mvua ya vuli imenyesha usiku na barabara ina rangi ya pilipili ya unga. Nilibeba trei la mayai ya kienyeji magotini kutoka Musoma, yamefungwa kwa kanga ya shemeji. Matatu yalipasuka Makutano, bodaboda alipokwepa mbuzi.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba baba. Umekonda. Misa imeshaanza, weka hayo mayai."

Shangazi yangu ni mwalimu mstaafu, na aina yake ya ualimu imeanzia mji niliotoka asubuhi ile. Novemba 1974 Halmashauri Kuu ya TANU ilikaa Musoma na kutoa azimio lililosogeza mbele elimu ya msingi kwa kila mtoto, lengo likiwa 1977. Walimu hawakutosha. Wakachukuliwa vijana waliomaliza darasa la saba, wakafundishwa karibu na makwao huku wanafundisha. Watu waliwaita walimu wa UPE, na kulikuwa na dharau ndani ya jina hilo ambayo shangazi hajaisamehe. "Mimi UPE," huwa anasema, "na wewe mwandiko wako bado unanishinda kusoma."

Baada ya misa watu walitawanyika makaburini na majembe na mishumaa. Sisi tulipalilia letu la ukoo, akasoma majina kutoka kwenye daftari, polepole, kama anayeita mahudhurio. Kila jina alinyamaza kidogo. Mtoto wa jirani nyuma yetu, pengine kwa kuchoka, akaitikia "yupo" kwenye jina moja, akapigwa kofi la mgongo.

Kisha akataka tupite Mwitongo. Yeye anakaa hatua chache kutoka pale, lakini siku hiyo kila mwaka lazima aende. Kaburi la Mwalimu limejengewa. Wazazi wake wamelala hapo hapo nyumbani, kati ya miamba na miti. Makumbusho yako karibu. Sikuingia ndani safari hii, ila nilimwambia shangazi jambo lililokuwa linanichekesha njiani: kwamba mzee huyu aliwahi kutuletea Italia mbili kwa Kiswahili, Roma ya *Juliasi Kaizari* na Venisi ya *Mabepari wa Venisi*, na mimi nimeongeza ya tatu, Napoli, kwenye trei. Hakucheka. Alikuwa amesimama mbele ya kaburi, rozari mkononi, hajaanza.

"Unajua kinachonisumbua hapa?" akasema. "Sijui nimwombee au nimwombe."

Ilinichukua muda kuelewa uzito wake. Jimbo la Musoma lilianzisha mchakato wa kumtangaza Mwalimu mwenye heri mwaka 2005, na tangu hapo anaitwa Mtumishi wa Mungu. Kama bado yuko toharani, anahitaji sala za shangazi. Kama ameshavuka, shangazi ndiye anayehitaji sala zake. Herufi moja tu inatenganisha hali hizo, na Roma haijajibu. Nikamsimulia habari ya Napoli, mafuvu, watu wanaoombea na kuomba kwa pumzi moja. Akasikiliza mpaka mwisho.

"Na namba za bahati nasibu walipewa?"

"Wengine, wanasema."

"Basi," akasema, akafanya ishara ya msalaba, akasali. Upande upi alichagua, sikumuuliza.

Jikoni kwake mwanamume haingii. Hilo sikulitegemea kubadilika kwa sababu ya Wataliano. Suluhu ilikuwa jiko kuletwa barazani. Majirani wakapata la kutazama. Bibi mmoja, rika la marehemu nyanya yangu kama angekuwepo, alivutiwa kigoda akakaa kabisa mbele, fimbo kati ya magoti. Alipoona trei akasema enzi zao mwanamke hali yai, mwali ndiyo kabisa, na mtoto akila anakuwa mwizi. Mayai yalikuwa ya kuangua, au ya mgeni mwanamume. Nikamuuliza lini alikula yai kwa mara ya kwanza. Akafikiri. "Hospitali," akasema. "Nimejifungua wa nne. Nesi alinisimamia."

Safari hii sikutafuta rehani. Kichupa cha upako kilitoa vijiko vitatu, nikaongezea alizeti. Vitunguu saumu vinne vilivyopondwa kwa kitako cha kikombe. Pilipili kichaa mbili nzima nzima, zisipasuke. Nyanya nane za kukwangua na chumvi. Kisha kungoja, ambako ndiko kazi yenyewe. Nyanya kwanza zinalia maji, mchuzi unaruka ruka na kuchoma mikono. Baada ya hapo zinanyamaza, mapovu yanakuwa mazito na machache, na mafuta yanaanza kujitenga pembeni, mekundu, yanang'aa. Ukipitisha mwiko katikati ya sufuria njia inabaki wazi ukahesabu moja, mbili, kabla mchuzi haujaifunga. Hapo ndipo. Kwa mgongo wa upawa nikachimba vishimo, na kila yai nikalipasulia kwenye kikombe kwanza, nikaliteremsha.

"Mangapi?" shangazi akauliza.

"Tuko watu watano. Niweke sita."

"Subiri." Akaingia ndani, akarudi na daftari. "Weka saba."

Alikuwa amelichukua jina la chakula jinsi lilivyo. Kila nililoteremsha alilitaja: mama yake, baba yake, dada yake aliyekwenda na kipindupindu, mtoto wake wa pili, mume wake. Aliyataja bila huzuni, kwa sauti ileile ya mahudhurio. La sita lilinitoka vibaya. Ganda lilichana kiini, njano ikatambaa kwenye wekundu kabla sijaweza kuizuia. Nikanyoosha mkono nilitoe kwa kijiko.

"Liache."

La saba nikalipasua, nikashika kikombe hewani. "Na hili? La Mwalimu?"

Alilitazama muda mrefu kuliko yote. "Hapana," akasema. "Huyo tumwache nje kwanza. Hilo mpe bibi."

Tatizo likabaki la juu. Ute wa chini ulikuwa umeganda, wa juu bado unateleza, na nilijua vizuri kwamba hakuna mtu barazani pale atakayekula yai linalotazama. Rafiki wa Bunda alinifunza hilo. Kabla sijafikiri, shangazi alishafunika sufuria na kuchota makaa kwa koleo, akayapanga juu ya mfuniko kama anayepalia wali. Moto chini, moto juu. Nikamwambia Wataliano hawafanyi hivyo. Akasema Wataliano hawana makaa. Dakika tatu. Alipofunua, ute ulikuwa mweupe kama sabuni mpaka juu, viini vimepata utando mwembamba, na mchuzi umekauka pembeni ukashika ukoko. Harufu ya vitunguu saumu ikamfikia hata mtu wa bodaboda aliyekuwa ameegesha barabarani, akasogea.

Ugali wa mtama ulikuwa tayari. Tulinawa. Bibi alipewa yake kwenye kibakuli, akaikata kwa tonge, akatafuna kwa meno aliyonayo, akauliza kama nesi yule wa hospitali alijua mapishi haya. Mtoto wa jirani, yule wa "yupo", alipewa la mume wa shangazi akalimaliza mara mbili. Mimi nikamega upande wa shangazi mwingine, dada yake yule, na nikaona kwamba kwa ugali wa mtama, mchuzi huu unakaa vizuri kuliko ulivyokaa na mkate wa Kiwengwa.

Lile la sita likabaki katikati ya sufuria, limesambaa, njano imeganda ndani ya wekundu bila umbo. Hakuna aliyeligusa. Shangazi akafinyanga tonge, akaliingiza hapo hapo.

"Hili la kaka yangu," akaniambia. "Baba yako hakuwahi kukaa alipowekwa hata siku moja."

Akala. Akaomba pilipili.